Chumba Alichokiosha Shangazi

Nyumbani, 9 Februari

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Natumaini ulifika salama na goti halikukutesa njiani. Sisi tunajikongoja. Mama sasa anakula mwenyewe, si kama wiki ile uliyokuwa unamlisha uji kwa kijiko huku ukimgombeza. Mdogo wangu amerudi shule, ila amekuwa na mdomo. Nikimwambia aoge, ananijibu eti Shangazi alimaliza maji yote ya kisima. Nilimpiga kikofi, halafu nikaenda kuchekea jikoni. Ndicho kicheko changu cha kwanza tangu tumzike Baba.

Asante kwa yote. Wengine walikuja msibani wakala, wakatupa pole, wakaenda zao. Wewe ulikunja mikono ya gauni ukafua, ukapiga deki, ukapaka jiko chokaa. Na chumba cha jibini ulipokifunga ukasema nisiingie mpaka umalize, mimi nilidhani umejificha humo unalia. Nilipofungua mlango sikukitambua. Kuta nyeupe pe, na mbao za rafu zimesuguliwa kama zimetoka leo kwa seremala. Harufu ya dawa ilinipanda puani nikapiga chafya mpaka machozi yakanitoka.

Shule nimeisimamisha kidogo tu, mambo yakitulia nitarudi. Mbuzi hawasubiri. Nakamua mwenyewe asubuhi na jioni, napasha maziwa moto, napima joto kwa kiwiko kama alivyonifundisha Baba, kwa sababu alisema kiganja cha mtu wa kazi ni kigumu, kinadanganya. Jibini zangu za kwanza bila yeye ziko rafuni. Kila asubuhi nazigeuza moja moja na kuzisalimia kwa jina lake. Mzee Mizani, yule mnunuzi anayetembea na mizani yake begani, amesema atakuja kuzionja zikikomaa. Akizikubali tutakaa kama zamani. Akizikataa sijui.

Shangazi, vile vitambaa vya Baba vya kuchujia, vya rangi ya kahawia, uliviweka wapi? Nimetafuta mpaka uvunguni. Na ile jibini uliyoondoka nayo, itunze. Ndiyo ya mwisho ya mkono wake, nyingine zote zililiwa msibani.

Mwanao,
Kiherehere


Mjini, 1 Machi

Kiherehere wangu,

Marahaba, mwanangu. Nimefika, nipo, napumua. Goti usiliulize, lina akili zake lenyewe. Hapa hospitali nimekuta wale wasichana wangu wa usafi wamelala usingizi wa pono. Wodi ya watoto ina utando wa buibui juu ya taa! Nimewachamba mpaka mmoja akaniita Bi Sabuni mbele ya daktari. Daktari akacheka. Nikamwambia yeye naye viatu vyake vina tope, akaacha kucheka.

Msalimie mama yako. Mwambie ale hata kama hasikii njaa. Chakula hakijui msiba.

Vile vitambaa nilivichoma. Usinune, nakujua unavyonuna. Vile havikuwa vitambaa, ile ilikuwa aibu ya ukoo. Vimeshika rangi ya chai, vinanuka, na kaka yangu alikuwa akivisuuza kwa maji ya chumvi tu anavianika! Nimekununulia vipya vyeupe, vimo kwenye kifurushi hiki. Na hizo kuta, mwanangu, zilikuwa na ukungu mrefu kama manyoya ya paka. Niliukwangua kwa kisu, nikazimwagia maji ya moto, nikapiga dawa, nikarudia tena na tena. Kaka yangu amekufa kwa kifua. Nilikaa naye nikisikiliza pumzi yake inavyokwaruza, nami nafanya kazi hospitali na sikuweza kumsaidia kitu. Nikasema, basi angalau wanawe wasivute uchafu ule. Mikono iliniwaka siku nzima ila moyo ulipoa kidogo. Wema hauozi. Siku moja utanishukuru zaidi ya hivi.

Jibini yake ipo juu ya kabati langu. Nairudishia kifuniko kila nikiiangalia.

Rudi shule. Mbuzi hawajui kuandika lakini wewe unajua.

Shangazi yako


3 Aprili (haikutumwa)

Shangazi,

Leo sikuamkii. Sina shikamoo ya kukupa.

Jibini zote zimeharibika. Za kwanza ziliota utelezi wa rangi ya waridi. Zilizofuata zilivimba tumbo zikapasuka. Za wiki iliyopita zimekuwa chungu kama dawa ya minyoo, nimempa mbwa akanusa, akaniangalia, akaondoka. Nimezifukia nyuma ya zizi kabla Mama hajaziona. Mzee Mizani alikuja, akagonga moja kwa kifundo cha kidole kama alivyokuwa akifanya kwa Baba, akasikiliza, akairudisha rafuni polepole. Hakusema ni mbaya. Alisema, "Pole, binti." Ningependa angenitukana.

Nimekosea wapi? Maziwa ni yale yale, chumvi ni ile ile, kiwiko changu hakijabadilika. Nimekaa humo ndani nikatazama kuta mpaka nikakumbuka. Jibini za Baba zilikuwa zikikaa siku chache tu zinavaa ngozi ya kijivu zenyewe, laini kama vumbi, kisha madoa ya manjano. Hakuna aliyezipaka kitu. Niliwahi kumuuliza inatoka wapi, akanionyesha ukuta kwa kidole, akasema, "Huyu ndiye fundi. Mimi ni kibarua wake." Nilidhani anatania, unajua alivyokuwa na utani.

Ulikuwa ni ule ukungu, Shangazi. Ulikuwa kwenye kuta na mbao na vitambaa vile vya kahawia. Baba aliukuta kwa babu, na babu aliukuta kwa baba yake. Babu ni baba yako wewe! Ulikulia humo, uliota meno kwa jibini ile, ukaja na ndoo zako ukawaua wote ndani ya siku moja. Baba alikufa nikamlilia. Wewe umemuua tena, na ukataka nikushukuru. Na mimi mjinga nikakushukuru kwa maandishi!

Sasa hata nikikamua mpaka mikono ikatike, hakuna jibini ya Baba duniani. Ipo moja tu, juu ya kabati lako.

Mama amepita ameniuliza naandika nini. Nimemwambia naandika kwa Shangazi. Akasema, "Mwambie tunampenda." Nimesoma tena yote haya. Siwezi kuituma. Itamuua huyu mwanamke, nami sina shangazi mwingine.


Nyumbani, 4 Aprili

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Sisi wazima. Vitambaa vipya ni vizuri mno, asante, vinachuja haraka. Mdogo wangu ameota jino la mbele, sasa anataka kila mtu alitazame, hata Mzee Mizani alionyeshwa.

Jibini zinaendelea. Nabadilisha hiki na kile, najifunza.

Nina ombi dogo. Ile jibini ya Baba, naomba unikatie kipande cha ganda lake. Hata cha ukubwa wa kidole gumba kinatosha. Kifunge kwenye karatasi, si plastiki. Na tafadhali, najua mikono yako haitulii, usiifute kwa dawa wala siki. Iache na vumbi lake hivyo hivyo. Nimeikumbuka ladha yake tu.

Mwanao,
Kiherehere


Mjini, 30 Mei

Kiherehere wangu,

Marahaba. Nisamehe kwa ukimya. Kwanza goti, halafu wasichana wangu wawili wameolewa mwezi mmoja kama waliopanga njama, nikabaki na wodi tatu na mtu mmoja mwenye kwikwi. Nafika nyumbani nalala na viatu.

Ndani ya furushi kuna kitambaa cha sare ya shule, cha kutosha sketi mbili, maana najua umerefuka. Mwambie fundi akuachie upindo mkubwa chini. Shule itafunguliwa, nataka kusikia umo ndani.

Kuhusu jibini, ipo, ipo. Lakini kutuma chakula kwa posta ni kuwaalika panya harusini. Nitakuja nayo mwenyewe siku nikipata likizo. Ladha utaionja tu, una haraka gani?

Mbona husemi Mzee Mizani ameamua nini? Mimi nangoja la mashariki, wewe unaniandikia la magharibi. Mficha maradhi kilio humfichua, mwanangu.

Shangazi yako


Nyumbani, 15 Juni

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Sare nimeiona, ni nzuri. Nimeiweka sandukuni.

Umesema nisifiche. Basi. Mzee Mizani amekataa jibini zangu zote. Mara ya mwisho hakuingia hata uani, alisimama langoni akavua kofia kana kwamba kuna maiti ndani, akamsalimia Mama, akaondoka na mizani yake bila kuishusha begani. Alimpenda sana Baba, ndiyo maana inamuuma. Amesema atapita mara moja tena mwishoni mwa Agosti, kwa heshima ya marehemu. Mama naye amesema asipochukua kitu safari hiyo, mbuzi wanauzwa. Simlaumu. Mchuuzi wa mifugo ameshakuja kuwafungua midomo na kuhesabu meno. Yule mbuzi wetu wa pembe moja alimng'ata kidole, hiyo ndiyo habari njema pekee niliyo nayo.

Sitaki kipande kile kwa ajili ya ladha, Shangazi. Nilikudanganya. Ganda la jibini linabeba mbegu, kama mwokaji anavyobakiza donge la unga uliochachuka wa jana kuumulia wa leo. Nikipata kipande nitakisaga kwenye maji ya chumvi, nitapaka jibini changa, nitapaka mbao na kuta, na ile ngozi ya kijivu itarudi. Chumba changu hakina mbegu tena. Usiniulize imekwendaje, imekwenda tu. Lakini inahitaji muda kuota, kwa hiyo kipande kinatakiwa sasa, si siku ya likizo. Panya wale watakachokula, mimi kitakachobaki kitanitosha.

Nakupigia magoti. Zaidi ya hili sijawahi kukuomba kitu.

Kiherehere


Nyumbani, 20 Julai

Shangazi, shikamoo. Hukunijibu. Kila siku napita posta mpaka karani ananiona anatikisa kichwa kabla sijauliza. Una nini? Unaumwa?

K.


Mjini, 24 Agosti

Mwanangu,

Siumwi. Nimeandika barua hii nikaichana, nikaandika nikaichana, mpaka mwenye nyumba akaniuliza kama nafungua kiwanda cha karatasi.

Jibini haipo. Nilikuwa nakudanganya. Nilianza kuikata wiki ile ile niliyokuandikia kwamba naitazama tu. Nikitoka zamu nilikuwa nasimama mbele ya kabati na sare yangu ya kazi, sijavua hata viatu, nakata kipande nakula bila mkate. Na ganda nalo, hilo ndilo nililolipenda zaidi. Mimi ninayewafokea watu wasile bila kunawa! Harufu ya ganda lile ndiyo ya nyumba yetu tulipokuwa wadogo, mimi na baba yako, tukilala mzungu wa nne, kichwa kwa miguu, kwenye kitanda kimoja.

Barua yako ya Aprili ilinikuta na kipande cha mwisho, kama nusu ya kiganja. Nilikifunga kwenye karatasi kama ulivyosema. Nikaandika anwani yako juu yake. Asubuhi nikakifungua. Nilisema nitakata ncha tu. Sikubakiza hata cha kumpa sisimizi. Na ulipoandika mwezi wa sita ukanieleza ni cha nini, nilikaa juu ya sakafu niliyotoka kuipiga deki nikalia kama mtoto. Nikashindwa kukujibu. Nitamwambia nini mtoto huyu?

Lakini kuna kitu kingine, na hiki hakuna anayekijua. Siku ile ya kuosha nilifua kila kilichokuwa ndani ya nyumba ile isipokuwa koti lake la kazi. Niliondoka nalo chini ya nguo zangu. Sijalifua. Mimi, Bi Sabuni, nina nguo chafu chumbani mwangu, nimeifunga kwenye gazeti, na usiku siwezi kulala bila kulitoa nikainusa kola. Kwenye mikono ya koti kuna maziwa yaliyokauka, na ule ukungu wa kijivu umeganda kwenye mishono. Kama hiyo mbegu yako iko popote, imo humo.

Nakutumia. Ningelituma mwezi wa sita ingekuwa bora, najua, usiniambie. Kila nikilifunga mikono ilikuwa inalifungua. Sasa nimelifunga na nimelishonea gunia ili nisiweze. Liloweke, lisugue, fanya unachojua wewe. Harufu itakwenda na maji, hilo nalo najua, ndiyo kazi yangu. Usinihurumie.

Jambo moja unijibu, na usinizungushe. Nimekuwa nikipiga deki huku nawaza. Umesema chumba hakina mbegu tena na nisikuulize imekwendaje. Mimi ndiye niliyekiosha. Kabla yangu jibini zilikuwa zinatoka, baada yangu zikakoma. Niambie ukweli, mwanangu. Ni mimi?

Shangazi yako


Nyumbani, 10 Septemba

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Sisi hatujambo. Mama anakusalimu sana, ameanza kusuka mikeka tena. Mdogo wangu yule jino lake limeshavunjika, aliparamia lango.

Mbuzi waliondoka Jumanne. Koti lilifika Ijumaa.

Mzee Mizani alikuja kama alivyoahidi, akagonga moja ya mwisho, akanishika bega. Mchuuzi akaja kesho yake. Mama alijifungia ndani, mimi ndiye niliyewatoa zizini mmoja mmoja. Yule wa pembe moja walimfunga kamba akatulia, lakini saa ya kukamua ilikuwa imefika, akageuza kichwa kuelekea mlango wa chumba cha jibini akaanza kuita. Walimvuta anaita, tukamsikia mpaka bondeni. Chumba sasa tumewekea mahindi ya jirani, anatulipa kodi.

Mimi nimepata kazi kwenye kiwanda cha maziwa kule njia panda. Msimamizi aliniuliza umri nikamwambia kumi na minane, akanitazama mikono badala ya uso, akaniandika. Tunavaa mabuti meupe na kofia za neti. Kila kitu ni chuma, na kuta zinapigwa maji na dawa kila tukimaliza. Ungekuja ungekipenda. Kuhusu shule, tusizungumze sasa. Sare nimemshonea binti wa jirani, ilimkaa vizuri.

Furushi lako nililifungua jikoni nikiwa peke yangu. Nilikata ule mshono wa gunia, koti likajitandaza mezani. Mdogo wangu alikuwa nje anachezea tairi. Akaingia mbio, akasimama katikati ya jiko, akageuka huku na huku, akaniuliza, "Baba yuko wapi?" Nikamfunulia koti. Akaingiza kichwa chote ndani akakaa humo muda mrefu. Mama alikuja, naye akapiga magoti pale pale akashika mkono mmoja wa koti. Hatukula chakula cha mchana siku hiyo.

Nilijaribu, Shangazi. Nilinunua ndoo ya maziwa kwa jirani, nikatengeneza maji ya chumvi, nikaliweka koti ukingoni mwa beseni. Nikalishika hivi, nikalirudisha. Jibini moja bila mbuzi na bila chumba ni ya nini? Tungeila, ingekwisha, na koti nalo lingekwisha. Maziwa tulikunywa.

Kwa hiyo nakurudishia. Nimekata mfuko mmoja wa kushoto tukabaki nao sisi, nitauhifadhi mkavu, huenda siku moja nitakuwa na mbuzi wangu mwenyewe. Lililobaki ni lako. Usilifue. Unapolinusa ujue hata sisi huku tunanusa.

Umeniuliza kama ni wewe. Hapana, Shangazi. Mwaka huu joto lilizidi, hata wafugaji wa ng'ambo ya kilima wamelalamika, na mkono wangu bado mdogo kwa kazi ile. Mzee Mizani naye amesema hivyo hivyo. Lala usingizi. Chumba ulikiosha vizuri.

Mwanao,
Kiherehere